Majina ya Watu: Asili na Maana Zake, Burundi na Kwingineko

Katika mtaa wetu wa Mutanga Sud, mjini Bujumbura, siku ya mwalimu huanza kwa majina. Kabla ya ubao kufutwa na kabla ya chaki kushikwa, daftari la mahudhurio hufunguliwa, na majina ya watoto arobaini au hamsini husomwa moja baada ya jingine. Kazi hii tumeifanya kwa miaka mingi, na aghalabu tumeifanya kwa haraka, kama mtu apigaye hesabu ya mawe. Siku moja, hata hivyo, mwanafunzi mmoja alitufanya tusimame na kufikiri, na makala haya ni tunda la kusimama kule.

Tulikuwa tukifundisha upatanisho wa kisarufi katika Kiswahili, na ili kurahisisha somo tukalinganisha viambishi vya Kiswahili na vile vya Kirundi, lugha ya mama ya wanafunzi wengi. Tulieleza kwamba *wa-* ya Kiswahili katika "wanasema" ndiyo *ba-* ya Kirundi katika "baravuga". Msichana mmoja akanyosha mkono. Jina lake la Kirundi lilikuwa na *ba-* hiyo mwanzoni, nalo maana yake, kwa tafsiri ya karibu, ni kwamba kuna watu wanamchukia mwenye jina. Hakupewa yeye jina hilo alipozaliwa. Lilikuwa la babu yake, akalirithi baba yake, na sasa limeandikwa katika cheti chake yeye. Akauliza: "Mwalimu, hao *ba-* ni akina nani?"

Darasa lilicheka, kisha likanyamaza. Sisi nasi hatukuwa na jibu. Tukamwambia: "Nenda ukamwulize bibi yako." Jibu alilolileta tutalieleza mwishoni. Kwanza yafaa tuchunguze majina ya watu hutoka wapi, na kwa nini swali la mtoto yule ni zito kuliko lionekanavyo.

Majina ya wakati na ya mpangilio

Mataifa mengi yana desturi ya kumwita mtoto kwa wakati aliozaliwa. Katika pwani ya Waswahili tunao akina Juma na Khamisi kwa siku, akina Rajabu na Ramadhani kwa miezi, na Chausiku kwa msichana aliyezaliwa usiku. Wajaluo wa Kenya humwita Otieno mvulana aliyezaliwa usiku na Akinyi msichana aliyezaliwa asubuhi. Okoth ni wa wakati wa mvua. Mbali nasi kabisa, Waakan wa Ghana humwita Kofi mvulana wa Ijumaa na Kwame wa Jumamosi. Basi Kofi Annan, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa na ambaye alizaliwa siku ya Ijumaa mwaka 1938, angalizaliwa Unguja huenda angaliitwa Juma.

Warundi nao wana majina ya mpangilio wa uzazi. Mtoto wa saba huitwa Nyandwi, wa nane Minani, wa tisa Nyabenda na wa kumi Bucumi. Msomaji wa Kiswahili hataona taabu kutambua "nane" ndani ya Minani na "kumi" ndani ya Bucumi.

Majina ya mapacha yanatufunza zaidi kuhusu udugu wa lugha zetu. Burundi pacha wa kwanza ni Bukuru, yaani mkubwa, na wa pili ni Butoyi, yaani mdogo. Kwa Wasukuma wa Tanzania ni Kulwa na Doto, majina ambayo leo yameenea nchi nzima. Kwa Waganda, mapacha wa kiume ni Wasswa na Kato, na wa kike ni Babirye na Nakato. Sasa tazama mtoto anayezaliwa baada ya mapacha: Burundi huitwa Ciza, na Buganda huitwa Kizza. Mahali ambapo Kirundi husema *ci*, Kiganda huandika *ki*, na jina ni lile lile. Kati ya Bujumbura na Kampala pana nchi nyingine na mipaka kadhaa, lakini mama wa mapacha hapa na mama wa mapacha kule humwita mtoto afuataye kwa neno moja. Mwalimu wa lugha hawezi kupata mfano ulio mwepesi kuliko huu wa kuwaonyesha wanafunzi kwamba lugha zetu zina asili moja.

Jina lililo sentensi

Ama kuhusu fungu kubwa la majina ya Kirundi, hayo si nomino tupu kama "Juma" au "Simba". Ni sentensi kamili, zenye kiima, kitenzi na mara nyingi mtendwa. Philippe Ntahombaye, msomi wa Burundi, aliyachunguza kwa kina katika kitabu alichokichapisha mjini Paris mwaka 1983, na Alexandre Kimenyi akayaeleza yale ya Kirundi pamoja na ya Kinyarwanda mwaka 1989. Sisi hapa tutagusa jambo moja tu ambalo linamhusu mwalimu wa sarufi, yaani viambishi.

Katika sentensi hizi, yule anayezungumziwa mara nyingi hatajwi. Hufichwa ndani ya kiambishi, na msikilizaji hutarajiwa kumtambua. Viambishi vitatu ndivyo vinavyotawala.

Cha kwanza ni *i-* au *yi-*, ambacho ni cha Imana, yaani Mungu. Katika Kirundi neno "Imana" limo katika ngeli ya nomino kama "inka", ng'ombe, na hivyo upatanisho wake si ule wa watu. Ndayishimiye ni "namshukuru", Ndayizeye ni "nimemtumaini", Sindayigaya ni "simlaumu", Iradukunda ni "anatupenda". Jina la Mungu halimo, lakini kila Mrundi hulisikia. Kuna pia majina yanayomtaja waziwazi: Hakizimana, "aponyaye ni Mungu", Habonimana, "aonaye ni Mungu", Havyarimana, "azalishaye ni Mungu", ambalo nchini Rwanda huandikwa Habyarimana.

Cha pili ni *ru-*, ambacho ni cha "urupfu", kifo. Ntawuruhunga ni "hakuna awezaye kukikimbia". Rurihose ni "kipo kila mahali". Mzazi aliyempa mtoto jina la namna hii kwa kawaida alikuwa amekwisha kuzika. Alilisema jambo zito bila kulitaja neno lenyewe.

Cha tatu ni *ba-*, nacho ni cha watu: majirani, ndugu, mashemeji, wenye husuda, yeyote yule ambaye mzazi hakutaka kumtaja. Mfano uliomo katika historia ni jina la Pierre Baranyanka, chifu mashuhuri wa wakati wa Wabelgiji. Jina hilo ni "wananichukia". Sylvestre Ntibantunganya, aliyekuwa Rais wa Burundi kuanzia 1994 hadi 1996, ana jina ambalo kwa tafsiri ya karibu ni "hawanitengenezei mambo". Na mpenzi wa mpira anayemjua Saidi Ntibazonkiza ajue kwamba nusu ya jina lake ni Kiarabu cha Waislamu na nusu ya pili ni sentensi ya Kirundi: "hawataniponya".

Basi jina la Kirundi ni barua. Mzazi huiandika, mtoto huichukua, na jirani huisoma kila mara mtoto anapoitwa kutoka uani. Katika mlima ambako watu wanapakana mashamba na kuchota maji katika kijito kimoja, si rahisi kumwambia mtu usoni, "Wewe unanichukia." Lakini ni rahisi kumwita mtoto wako kwa sauti, jioni, jina lisemalo hivyo.

Tusidhani kwamba desturi hii ni ya Burundi peke yake. Katika Uswahilini tunao akina Semeni, ambalo ni amri kwa wenye maneno: semeni mtakavyo. Tunao akina Siwatu, yaani "hao si watu", na akina Sikudhani. Mama wa Kiswahili na mama wa Kirundi walikuwa na majirani wa aina moja.

Majina ya wafalme na majina ya ukoo

Wafalme wa Burundi walikuwa na utaratibu wao. Mwami alipotawazwa alichukua moja kati ya majina manne yaliyofuatana kwa mzunguko: Ntare, Mwezi, Mutaga na Mwambutsa. Ntare ni simba, Mwezi ni mwezi wa mbinguni, na Mwambutsa ni mvushaji, yule awavushaye watu. Mwezi Gisabo, aliyelazimika kutia sahihi mkataba wa Kiganda na Wajerumani mwaka 1903, alifariki mwaka 1908, akafuatwa na Mutaga, kisha mwaka 1915 na Mwambutsa. Mzunguko ulipomrudia Ntare mwaka 1966, aliyetawazwa alikuwa kijana Charles Ndizeye. Ndizeye ni "nina matumaini". Alitawala miezi michache tu, ufalme ukaondolewa mwezi Novemba mwaka huo huo, naye akauawa mwaka 1972.

Raia wa kawaida hakuwa na jina la ukoo la kurithishana. Watoto watano wa baba mmoja na mama mmoja walikuwa na majina matano tofauti, kwa kuwa kila mmoja alizaliwa katika hali yake. Hata leo Mrundi anayesafiri ng'ambo na wanawe hupata taabu kumweleza afisa wa mpakani kwa nini jina la mtoto halifanani na la baba. Afisa huyo hudhani kwamba jina la ukoo ni jambo la tangu kuumbwa kwa ulimwengu. Sivyo. Huko Japani raia wote walilazimishwa kuwa na majina ya ukoo mwaka 1875. Uturuki ilipitisha sheria ya namna hiyo mwaka 1934, na ndipo Mustafa Kemal alipopewa jina la Atatürk, "Baba wa Waturuki". Watu wa Iceland mpaka leo hutumia jina la baba au mama na kuongeza neno la kuonyesha "mwana wa" au "binti wa", na Wahabeshi hufuatisha jina la baba tu, kama desturi yetu ya pwani ya kusema "fulani bin fulani". Jina la ukoo ni chombo cha daftari: la kodi, la askari, la mirathi. Lina manufaa yake, lakini halina haki ya kujiita asili ya majina yote.

Majina yaliyotoka nje

Wamisionari wa Kikatoliki walipojenga kituo cha Muyaga mwaka 1898, walikuja na majina ya watakatifu. Mrundi aliyebatizwa aliongeza Pierre, Melchior au Cyprien mbele ya sentensi ya wazazi wake. Waislamu wa Buyenzi na Rumonge walikwisha kuwa na akina Saidi, Ramadhani na Mariamu, majina yaliyofika pamoja na misafara ya pwani na kutolewa siku ya saba kwa akika. Kwa jumla watu walipokea majina haya bila kuyatupa yale ya kwanza, wakayabeba yote mawili.

Lakini si kila jina geni lilipokewa kwa hiari. Richard Burton na John Speke walipofika katika ziwa letu la Tanganyika mwaka 1858, miongoni mwa watu wao alikuwamo Sidi Mubarak Bombay. Mtu huyu alizaliwa kwa Wayao, akatekwa angali mtoto, akauzwa Kilwa na kupelekwa India. Kila neno katika jina lake ni la nchi alikopelekwa au la dini ya huko: Sidi ndivyo Waafrika walivyoitwa India, Mubarak ni Kiarabu, Bombay ni mji. Aliivuka Afrika na wasafiri kadhaa, akapewa nishani na Chama cha Kifalme cha Jiografia cha Uingereza, akafa mwaka 1885. Ndiyo majina yaliyobaki katika historia. Lile alilolia nalo mama yake alipotekwa halimo.

Serikali nazo zimeamuru majina. Ukisimama mahali palipoinuka hapa Mutanga Sud siku isiyo na ukungu, unaiona milima ya Kongo juu ya Uvira. Ng'ambo ile, mapema mwaka 1972, Joseph-Désiré Mobutu alijiita Mobutu Sese Seko na kuwaamuru wananchi wa Zaire waache majina ya Kikristo na kuchukua ya Kiafrika. Kardinali Malula wa Kinshasa alipopinga, alilazimika kuondoka nchini kwa muda. Amri hiyo ilidumu hadi mwanzo wa miaka ya 1990. Hatukatai kwamba jina la mababu lina heshima. Hata mwandishi Ngũgĩ wa Thiong'o aliliacha jina la James kwa hiari yake, na tulimwelewa. Lakini kuna tofauti kati ya mtu anayechagua jina lake na mtu anayechaguliwa na askari.

Mwaka huo huo wa 1972, upande wetu wa ziwa, mauaji makubwa yaliwafanya Warundi wengi sana wakimbilie Tanzania, wakawekwa katika makazi ya Ulyankulu, Katumba na Mishamo. Mtafiti Liisa Malkki, aliyeishi nao katikati ya miaka ya 1980, aliona kwamba wale waliokaa katika mji wa Kigoma hawakupenda kutambulikana kama wakimbizi. Walichanganyika na wenyeji na kujitambulisha kwa namna nyingi. Sisi walimu wa lugha twaweza kuelewa ugumu wao. Mdomo huweza kujifunza Kiswahili cha Kigoma, lakini jina lenye sentensi ya Kirundi humtangaza mwenyewe kabla hajafungua mdomo. Mwaka 2014 Tanzania iliwapa uraia zaidi ya watu 150,000 miongoni mwa wakimbizi wale wa 1972 na vizazi vyao. Wengine walikuwa wamekwisha kurudi Burundi, na watoto wao waliketi katika madarasa yetu, baadhi wakizungumza Kiswahili kuliko Kirundi, wakiwa na majina ambayo maana yake hawakuijua.

Jibu la bibi

Sasa turudi kwa msichana wetu. Wiki mbili baadaye alikuja na jibu. Bibi yake alimweleza kwamba babu alizaliwa wakati baba yake alipokuwa na ugomvi wa shamba. Nao waliogombana naye walikuwa ndugu zake wa tumbo moja, kwa sababu ya mpaka wa urithi. Mtoto akapewa jina la lawama, na kila alipoitwa kula, wajomba na mashangazi zake wa upande wa pili wa mpaka walisikia. Baada ya miaka kadhaa abashingantahe, wazee waamuzi wa mlima ule, waliwakalisha chini, wakaupima mpaka upya, na ndugu wale wakanywa mpeke kutoka chungu kimoja. Ugomvi ukaisha. Jina halikuisha, kwa sababu mtoto alikuwa amekwisha kulizoea, na baadaye likaandikwa katika daftari.

"Kwa hiyo, Mwalimu," alisema yule msichana, "*ba-* ni sisi wenyewe."

Tumelitafakari neno hilo mara nyingi. Zamani jina la lawama lilikufa pamoja na mwenyewe, kwa kuwa mtoto wake alipewa sentensi nyingine. Leo, kwa kufuata desturi ya ofisi, familia nyingi humwandikia mtoto jina la baba au la babu. Sentensi imekuwa jina la ukoo. Barua inaendelea kupelekwa wakati mwandishi wake na aliyeandikiwa wote wamekwisha kuzikwa. Linalobaki ni *ba-* tupu isiyo na watu ndani yake, na kiambishi kitupu kila mtu aweza kukijaza apendavyo.

Katika nchi nyingine pengine jambo hili lingekuwa la kuchekesha. Kwetu siyo. Tuliyoyaona mwaka 1972, na tena tangu Oktoba 1993 alipouawa Rais Melchior Ndadaye, yalianza kwa watu kusema "wao" bila kusema akina nani, na kila mtu akajaza mwenyewe. Ni jambo la kushukuru kwamba Wahutu, Watutsi na Watwa wa Burundi wana lugha moja na majina ya muundo mmoja. *Ba-* ya majina yetu haikuwa na kabila. Ilikuwa na mpaka wa shamba, mbuzi aliyepotea, mahari isiyolipwa, wivu wa mke mwenza. Kijana asiyeijua habari hiyo anaweza kuambiwa na mchochezi kwamba jina la babu yake ni ushahidi wa chuki ya watu fulani, naye akaamini.

Kwa sababu hiyo tunawaomba walimu wenzetu mambo matatu. Kwanza, tuyasome majina ya wanafunzi kwa ukamilifu na kwa matamshi yake, tusiyakate wala kuyacheka, hata yakiwa marefu. Pili, tuyatumie katika somo la sarufi. Tangu Burundi ilipoingia katika Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2007 Kiswahili kimepata nafasi zaidi katika shule zetu, na hakuna kitabu cha ngeli kilicho karibu na mtoto kuliko jina lake. Tatu, na hili ndilo kubwa, tuwape wanafunzi kazi ya kwenda kwa bibi na babu zao kuuliza: nani alinipa jina hili, au nani alimpa yule niliyemrithi, na siku ile kulikuwa na nini nyumbani? Waandike majibu katika madaftari yao. Anayerithi jina na arithi na habari yake.

Wahenga wa Kiswahili walisema kwamba jina jema hung'ara gizani, na hapa kwetu husemwa "Izina ni ryo muntu", jina ndilo mtu. Madaftari ya miaka hii yanaonyesha akina Ndayishimiye na Iradukunda wengi, na akina Keza na Kaneza kwa wasichana. Majina ya lawama ni machache kuliko yale ya wazee wao. Twafurahi kwa hilo, lakini yale machache yasifichwe wala yasionewe aibu. Msichana wetu hajaomba kubadilisha jina. Tunapolisoma asubuhi huitika kwa sauti, na wenzake, ambao wote wanaijua habari ya mpaka ule na chungu kile cha mpeke, hawacheki tena.